Nyumba Zisizo na Watu: Filamu za Zarina Bhimji na Mapokeo ya Al-Inkishafi

Filamu ya kumbukumbu kwa kawaida hutegemea msimulizi: picha huonyesha, naye hufasiri. Zarina Bhimji alimwondoa msimulizi huyo. Makala haya yanadai kwamba msomaji wa ushairi wa pwani ana njia yake ya kuzisoma filamu hizo.

Bhimji alizaliwa Mbarara, Uganda, mwaka 1963. Idi Amin aliwafukuza Waasia mwaka 1972. Mwaka 1974 Bhimji na familia yake walihamia Uingereza. Alisomea sanaa Goldsmiths na Slade, London, akajulikana kwanza kwa picha za mnato. Filamu yake Out of Blue (2002), ya dakika 24, ilioneshwa Documenta 11 mjini Kassel. Yellow Patch (2011) ilipigwa India, pamoja na ofisi za bandari ya Mumbai na waundapo majahazi huko Mandvi, Kutch. Jangbar (2015) ilipigwa Kenya.

Mkondo huo wa kazi unaelekea Mombasa. Kwa karne nyingi majahazi ya Kutch yalisafiri kwa pepo za kaskazi hadi Bandari ya Kale, chini ya Mji wa Kale. Na reli iliyoanzia kisiwani mwaka 1896 ikafika Ziwa Viktoria mwaka 1901 ilijengwa na vibarua zaidi ya 30,000 kutoka India. Jangbar lenyewe ni jina ambalo Wagujarati waliipa pwani yetu.

Kifani, Out of Blue haina wahusika wala mazungumzo. Kuna vyumba vitupu, seli, makaburi na uwanja wa ndege wa Entebbe. Kuna mlio wa moto na wadudu. Tukio lenyewe halioneshwi. Husikika mwangwi wake tu.

Taswira hii si ngeni kwetu. Katika Al-Inkishafi, Sayyid Abdalla bin Ali bin Nasir aliyasawiri majumba ya Pate yaliyokimbiwa na wenyewe, yakawa makao ya ndege na popo. Utenzi huo ulihifadhiwa pia kwa juhudi za W. E. Taylor, mmisionari aliyefanya kazi Mombasa, ambaye tafsiri yake ilichapishwa katika kitabu cha Stigand mwaka 1915. Kwa watunzi wote wawili, ukuta ndio shahidi.

Hata hivyo, tofauti yao ni ya msingi. Sayyid Abdalla huusemesha moyo wake na kuwataja waliotoweka. Maangamizi ya Pate huwa mawaidha. Bhimji hamtaji mtu wala haonyi. Kazi ya kuuliza humwangukia mtazamaji.

Hapa ndipo penye nguvu na udhaifu wa mtindo huu. Ukimya unalinda msiba usigeuzwe kuwa habari ya gazeti. Lakini ukuta hausemi nani aliyeujenga, nani aliyeufagia, na nani aliyebaki baada ya mwenyewe kufukuzwa. Mwafrika aliyekuwa jirani, mtumishi au mrithi wa nyumba ile hana nafasi katika fremu. Mtazamaji wa Mji wa Kale, ambamo nyumba moja huweza kuwa na historia ya Mswahili, Mhadhrami na Mhindi, atalihisi pengo hilo mara moja.

Kwa hiyo filamu hizi zisomwe sambamba na utenzi, si badala yake: picha itufunze kutazama, na utenzi utukumbushe kuuliza majina.