Mbio za Kumfuata Mtu wa Dhahabu

Tulikuwa wanne mezani, masika imetufungia ndani tangu asubuhi, na umeme hakuna. Binamu yangu, ambaye alisoma Ujerumani miaka kadhaa, akatoa boksi juu ya kabati, akalipangusa vumbi na kutamka kama mwalimu wa zamu: "Leo hakuna drafti, hakuna lasti kadi. Leo nawafundisha mbio." Nikajua ni ludo ya kizungu, tutacheza nusu saa tuchoke. Kumbe! Tuliinuka pale saa nne usiku, macho mekundu kwa mwanga wa mshumaa, na mimi nikiwa na swali ambalo halijanitoka hadi leo ninapoandika haya.

Mchezo wenyewe kwa Kijerumani unaitwa Wettlauf nach El Dorado, yaani mbio za kwenda El Dorado. Aliyeubuni ni Reiner Knizia, Mjerumani mwenye udaktari wa hisabati, na ulitolewa na kampuni ya Ravensburger mwaka 2017. Mwaka huohuo ulikuwa mmoja wa michezo mitatu iliyofika mwisho katika kuwania tuzo kubwa ya Ujerumani ya mchezo wa mwaka; ushindi ukachukuliwa na mwingine uitwao Kingdomino.

Nitaeleza unavyochezwa, msomaji, maana bila hilo swali langu halitaeleweka. Mezani zinatandazwa mbao zenye vyumba vya pembe sita: vya kijani ni pori, vya buluu ni maji, vya njano ni vijiji. Kila mtu ana kete yake, na anayefika El Dorado kwanza ndiye bingwa. Huna dadu. Una karata nane: wapelelezi watatu wenye panga, wasafiri wanne wenye sarafu, na baharia mmoja mwenye kasia. Unazichanga, unavuta nne, unazitumia. Pori linadai panga, maji yanadai kasia, vijiji vinadai sarafu. Halafu kuna ukatili mmoja mdogo: chumba chenye mapanga mawili kinataka karata moja yenye nguvu hiyo. Wapelelezi wawili wenye panga mojamoja hawawezi kuungana wakakivuka. Kila mtu kivyake!

Zamu yako ikifika unaweza pia kununua karata moja sokoni. Karata ya pesa inahesabiwa kwa thamani yake, isiyo ya pesa inahesabiwa nusu sarafu tu. Uliyoinunua haiji mkononi papo hapo. Inaangukia kwenye rundo la zilizotumika, na utakutana nayo rundo likichangwa upya. Kwa hiyo unakimbia huku unaujenga msafara wako. Mtindo huu wa kujenga karata zako ndani ya mchezo ulivuma tangu mwaka 2008, Mmarekani Donald X. Vaccarino alipotoa mchezo wake wa Dominion. Knizia akauchukua akautia kwenye mbio.

Sasa sikiliza. Njiani kuna vyumba vyekundu, ni kambi. Ukitaka kupita kambini unatoa karata zako na kuzitupa nje ya mchezo, hazirudi tena. Mara ya kwanza nikaona ni adhabu. Binamu akanicheka. "We vipi? Hiyo ni bahati! Tupa hao wasafiri wako wa mwanzo, wanakupunguzia mbio." Na ni kweli kabisa. Ukiwa na karata chache, zile nzuri zinakujia mara kwa mara. Fundi wa mchezo huu ni yule anayejua kuwaacha kambini watu aliotoka nao nyumbani.

Na sokoni ipo karata moja ambayo jina lake, kwa Kiswahili chetu, ni Mwenyeji. Haina panga, haina kasia, haina sarafu. Inakusogeza hatua moja tu hadi chumba cha jirani, lakini bila kulipa chochote: pori liwe nene vipi, mto uwe mpana vipi, anakupitisha. Nilimnunua nikapita naye mahali ambapo wenzangu walikuwa wamekwama. Nikamgeuza nikamtazama. Swali langu likaanzia hapo: huyu ni nani?

Nilikwenda kutafuta habari za mbio za kweli. Jambo la kwanza lililonishangaza ni kwamba El Dorado haukuwa mji. Kwa Kihispania maneno hayo maana yake ni aliyepakwa dhahabu. Alikuwa mtu! Katika nyanda za juu ambako leo upo mji wa Bogotá, nchini Kolombia, kiasi cha mita 2,600 juu ya usawa wa bahari, waliishi watu waitwao Wamuisca. Inasimuliwa kwamba mtawala mpya alipotawazwa alipakwa vumbi la dhahabu mwili mzima, akapanda chelezo hadi katikati ya ziwa Guatavita, na humo vikatoswa vito na vyombo vya dhahabu. Juan Rodríguez Freyle aliyaandika hayo mwaka 1636, karne nzima baada ya Wahispania kufika. Kwa hiyo jina la mtu mmoja aliyelowa vumbi la dhahabu lilitoka mdomo hadi mdomo, likawa mji, likawa ufalme, likawa doa kwenye ramani ambalo kila aliyelisogelea lilimkimbia.

Nchi ya Wamuisca yenyewe haikuwa na dhahabu nyingi. Walikuwa na chumvi, zumaridi na nguo za pamba. Dhahabu waliipata kwa biashara na majirani wa mabondeni. Chumvi hiyo ndiyo iliyowaponza.

Aprili 1536 Gonzalo Jiménez de Quesada, mwanasheria, aliondoka Santa Marta kwenye pwani ya Karibi na mamia ya watu, akafuata mto Magdalena kupanda bara. Njaa, homa, mamba, mishale. Walipokaribia kukata tamaa wakaona kitu kandokando ya mto: mabonge ya chumvi yaliyofinyangwa, tofauti na chumvi ya baharini. Wakauliza yanatoka wapi. Wakaonyeshwa milimani. Wakaifuata ile chumvi, njia ya wachuuzi, hatua kwa hatua, hadi mwanzoni mwa 1537 wakatokeza kwenye uwanda wa Wamuisca. Waliofika hawakuzidi 200. Vitabu vingi vinasema Quesada aligundua njia. Njia gani, jamani? Ilikuwa imekanyagwa na wabeba chumvi kabla babu yake hajazaliwa.

Halafu, mwaka 1539, likatokea jambo ambalo mtunzi wa riwaya akiliandika mhariri atamrudishia mswada. Misafara mingine miwili ikafika palepale! Mmoja ulitoka Venezuela chini ya Nikolaus Federmann, Mjerumani wa benki ya Welser ya mji wa Augsburg, watu wake wamevaa ngozi za wanyama kwa sababu nguo zilishaoza. Mwingine ulitoka upande wa Quito chini ya Sebastián de Belalcázar, na huyu alikuja na nguruwe wake. Kete tatu kwenye chumba kimoja. Kila mmoja alidai nchi ni yake. Hawakupigana, walikubaliana kuteremka mto pamoja, wakapanda meli kwenda Hispania, mfalme aamue.

Nani alishinda? Ugavana ulikwenda kwa Alonso Luis de Lugo, mtoto wa gavana wa Santa Marta aliyemtuma Quesada. Hakuwa hata mmoja wa wale watatu. Federmann alifariki mwaka 1542 mjini Valladolid akiwa bado na kesi dhidi ya waajiri wake wa benki. Belalcázar alipewa Popayán, baadaye akahukumiwa kifo, naye akafa mwaka 1551 huko Cartagena akiwa safarini kwenda kukata rufaa. Quesada, mzee tayari, akaondoka tena mwaka 1569 kutafuta El Dorado kwenye mbuga za mashariki. Baada ya miaka mitatu akarudi na watu wa kuhesabu kwa vidole. Alifariki mwaka 1579 akiwa na madeni. Ungedhani mtu aliyesimama juu ya nchi ya mtu wa dhahabu angejua amefika. Hapana, kwake El Dorado ilikuwa mbele kidogo.

Ila hao watatu angalau majina yao tunayo. Nirudi kwenye karata za kutupwa.

Februari 1541 Gonzalo Pizarro alitoka Quito kwenda mashariki kutafuta mdalasini na huyo mtu wa dhahabu. Wahispania walikuwa kiasi cha 220. Wenyeji wa milimani waliobebeshwa mizigo wanakadiriwa kufikia 4,000. Walikuwa watu wa baridi, wakateremshwa kwenye joto na unyevu wa msitu, wengine wamefungwa minyororo. Desemba mwaka huo Francisco de Orellana akatumwa na mashua kutafuta chakula mbele. Mto ukamchukua, hakurudi, na Agosti 1542 akatokea baharini kwenye mlango wa Amazon. Dunia inamkumbuka kwa hilo. Pizarro alirudi Quito kwa miguu na Wahispania kama 80. Na wale 4,000? Karibu wote waliishia huko. Aliyehesabu farasi na nguruwe hakuandika jina la mbebaji hata mmoja.

Hiyo ndiyo kambi nyekundu. Mezani unatupa karata za mwanzo ili ukimbie vizuri, unapigiwa makofi.

Msomaji wa hapa kwetu hahitaji kuvuka bahari kulielewa hili. Shuleni tulikaririshwa wapelelezi, wamisionari na wafanyabiashara. Tukajibu mtihani, tukasahau. Burton na Speke walipoondoka pwani mwaka 1857 kuelekea Ziwa Tanganyika walikuwa na Sidi Mubarak Bombay, Myao aliyetekwa utotoni, akauzwa, akaishia India, akarudi Zanzibar akiwa huru. Huyo baadaye alikwenda na Speke na Grant, akaenda na Stanley mwaka 1871 kumtafuta Livingstone, akavuka bara zima na Cameron kati ya 1873 na 1875. Wazungu wanabadilika, yeye yupo. Wahenga wetu wanasema mgeni njoo, mwenyeji apone. Katika mbio hizi mgeni alikuja akapona yeye.

Simlaumu Knizia. Yeye kaweka hesabu, na hesabu yake ni nzuri, tena inasema kweli zaidi ya vitabu vingi vya historia: ndani ya boksi lote, Mwenyeji ndiye asiyeulizwa panga wala kasia. Tatizo ni kwamba anauzwa sokoni.

Na dhahabu? Ziwa Guatavita lilichokonolewa sana. Miaka ya 1580 mfanyabiashara Antonio de Sepúlveda alikata ukingo wake ili maji yatoke, na pengo lile linaonekana hadi leo. Baadaye kampuni ya Waingereza ikalikausha. Tope likapigwa na jua, likawa gumu kama saruji, wakapata vitu vichache tu. Serikali ya Kolombia ikaliwekea ulinzi wa kisheria mwaka 1965. Halafu mwaka 1969, mahali pengine kabisa, kwenye pango huko Pasca, wakulima wakakuta chombo cha udongo, na ndani yake chelezo kidogo cha dhahabu chenye urefu wa sentimita 19.5, mtawala amesimama katikati na watu wake wamemzunguka. Sasa kipo kwenye jumba la makumbusho ya dhahabu la Bogotá. Baada ya miaka zaidi ya 400 ya kukimbizana, kilipatikana na watu wa palepale.

Wiki iliyofuata mvua ikatufungia tena. Binamu akatandaza mbao zake. Safari hii niliamua sitamtupa msafiri wangu hata mmoja, nikazunguka kila kambi kwa mbali, karata zangu zikajaa mkononi kama abiria wa daladala saa kumi na moja jioni. Nilitoka wa mwisho, tena kwa aibu. Shangazi aliyekuwa akitutazama kutoka mlangoni akauliza kwa nini nimeshindwa vibaya namna ile na wiki jana nilikuwa moto. Nikamwambia sikutaka kuacha mtu njiani. Akasema basi njoo unisaidie kubeba haya maji.