Majina ya watoto wetu Kalemie: yametoka wapi, yanasema nini

Leo tuache kidogo habari za barabara na bei ya unga, tuongee juu ya majina. Katika mitaa ya Kalemie na kwenye kambi zinazouzunguka mji, watoto wanazaliwa kila juma, na wazazi wanajiuliza: mtoto huyu tumwite nani? Tumpe jina la babu ambaye kaburi lake limebaki Nyunzu ama Manono? Tumpe jina la Biblia? Ama tumpe jina linaloeleza njia tuliyopita? Swali hilo si jipya. Watu wa ziwa hili wameliuliza kila mara dunia yao ilipogeuka.

Majina ya ukoo

Tuanze na yale ya zamani. Kwa makabila mengi ya hapa kwetu, jina la mtoto mara nyingi ni la mtu wa ukoo aliyekwisha kufa. Ukimwita mtoto, unamwita na babu yake. Ndiyo sababu mama anaweza kumwambia mtoto wa miaka miwili "baba" ama "mzee", na hakuna anayecheka.

Majina mengine hayachaguliwi, mtoto anazaliwa nayo. Kwa Waluba, mapasa wanajulikana: wa kwanza ni Kyungu, anayemfuata ni Kabange. Waluba wa Kasai wao wanasema Mbuyi na Kabanga. Ukisikia jina hilo, umekwisha kujua kwamba mtu huyo alikuja duniani na mwenzake. Kuna na majina yenye historia ya ufalme ndani yake. Wazee wanaosimulia mwanzo wa ufalme wa Waluba wanamtaja Kalala Ilunga, mwana wa mwindaji Mbidi Kiluwe. Leo hii Kalala na Ilunga ni majina ya wanafunzi, wavuvi na wauza kuni, lakini bado yanabeba masimulizi yale.

Majina yaliyovuka ziwa

Katika karne ya 19 misafara ya wafanyabiashara ilivuka kutoka Ujiji mpaka Mtoa, kaskazini ya mji wetu, ikitafuta pembe za ndovu na watumwa. Njia ile ilileta machozi mengi. Lakini ilileta pia lugha tunayoongea leo, na pamoja na lugha yalikuja majina: Amisi, aliyezaliwa Alhamisi, Mwajuma, wa siku ya Ijumaa, Shabani, Radjabu na Ramazani, ya miezi ya Kiislamu. Kwa mapasa yalikuja Asani na Useni, majina ya wajukuu wa Mtume Muhammad. Leo utamkuta Amisi akiimba katika kwaya ya kanisa, na Ramazani ambaye babu yake alikuwa katekista. Majina yalikaa, watu wakayafanya yao.

Kisha wakaja wamisionari. Mapadri Weupe walikaa Mpala tangu 1885, baadaye wakajenga misioni kubwa ya Baudouinville, kule Kirungu, upande wa Moba. Hapo kila aliyebatizwa alipewa jina la mtakatifu. Mtoto mmoja wa eneo hilo alibatizwa Stefano, lakini hakuacha jina la nyumbani, Kaoze. Mwaka 1917 Stefano Kaoze akawa padri wa kwanza Mkongomani wa Kanisa Katoliki. Jina moja la misioni, jina moja la nyumbani, na yote mawili yameingia katika historia. Ndivyo ilivyokuwa pia kwa Jason Sendwe, kiongozi wa Waluba aliyeuawa hapa hapa mjini katika machafuko ya 1964: Jason limetoka katika Matendo ya Mitume, Sendwe limetoka kwao.

Na mji wenyewe haukuponea. Mwishoni mwa 1891 Kapteni Jacques, Mbelgiji aliyetumwa kupigana na wauza watumwa, alijenga boma na kuliita Albertville, kwa heshima ya Albert, aliyekuja kuwa mfalme wa Ubelgiji mwaka 1909. Wazee waliozaliwa Albertville wamezeekea Kalemie bila kuhama nyumba.

Serikali ilipoingia chumbani

Wengi wenu mnakumbuka, ama mmesikia kwa wazazi, miaka ya "authenticité". Oktoba 1971 nchi ikawa Zaire. Januari 1972 Joseph-Désiré Mobutu akaacha majina yake ya ubatizo, akawa Mobutu Sese Seko, na raia wote wakaamriwa kufanya hivyo. Padri aliyembatiza mtoto kwa jina la Kizungu alitishiwa kifungo. Kardinali Malula wa Kinshasa alipinga, na ikambidi akae Roma kwa miezi. Mwaka 1973 ikatoka sheria ya majina. Hapo ndipo ilipoenea desturi ya jina la pili, lile tunaloita postnom: watu walikwenda kulichukua kwa babu, kwa nyanya, ama kwa kijiji. Nyumbani wengi waliendelea kuitana Jean na Marie, kwa sauti ya chini. Majina ya ubatizo yalirudi hadharani baada ya 1990, utawala ule ulipolegea. Na aliyekuja kumwangusha Mobutu mwaka 1997 aliitwa Laurent-Désiré Kabila. Marais wawili walioshindana, na wote wawili wazazi wao walikuwa wamewaita Désiré: aliyetamaniwa.

Tusidhani ni Zaire peke yake iliyofanya hivyo. Denmark, nchi ndogo ya kaskazini ya Ulaya, mpaka leo serikali ina orodha ya majina yaliyokubaliwa, na mzazi anayetaka jina lisilo kwenye orodha lazima aombe ruhusa. Zamani watu wa kule hawakuwa na jina la ukoo la kudumu: mtoto wa Jens aliitwa Jensen, maana yake mwana wa Jens, na mtoto wa huyo alichukua jina jingine tena. Mwaka 1828 serikali ikaagiza kila familia ishike jina moja. Ndiyo maana Jensen, Nielsen na Hansen wamejaa kule. Na Jens ni nani? Ni Yohana, yule yule anayebatizwa Mpala.

Majina ya njiani

Sasa tuje kwetu leo. Tangu vita vya Watwa na Waluba vilipochacha mwaka 2016, na tangu watu wa Uvira na Fizi walipokimbilia huku kwa mitumbwi mwaka 2025, tunasikia majina yanayoeleza safari: Tabu, Machozi, Vumilia, Safari. Pembeni yao wako Riziki, Neema, Furaha, Tumaini, Amani. Kuna wanaosema jina baya linamvuta mtoto kwenye ubaya. Wengine wanajibu kwamba Tabu si laana, ni kumbukumbu ya siku mama alipojifungua bila paa. Sheria ya familia ya 1987 inataka majina yatoke katika utamaduni wa Kongo, na inakataza jina la kutukana ama kudhalilisha. Kwa hiyo wazazi, pimeni: jina hilo mtoto atalibeba mpaka shuleni, mpaka kwenye ndoa.

Jambo jingine tusilifiche. Katika miaka ya vita, jina la ukoo linaweza kutaja kabila lako kabla hujafungua mdomo. Lakini Riziki haina kabila. Neema anaweza kuwa Mtwa, Mluba, Mtabwa ama Mbembe. Majina haya ya Kiswahili yamekuwa uwanja ambapo watoto wetu wote wanaweza kuitwa pamoja. Hilo halitulazimishi kuyaacha yale ya mababu. Kaoze hakuacha lake. Mtoto anaweza kuwa Neema na Kabange vilevile.

Ila jina lisiloandikwa linapotea haraka. Kwa sheria ya sasa, mtoto anapaswa kuandikishwa kwenye ofisi ya etat-civil ndani ya siku 90 tangu kuzaliwa, na katika siku hizo ni bure. Zikipita, lazima kupitia mahakama, na hapo ni muda na gharama. Nyumba ya Nyunzu iliungua pamoja na karatasi zake. Huyu aliyezaliwa kambini asianze maisha bila karatasi. Na kabla ya kwenda ofisini, andikeni jina kwenye kipande cha karatasi, herufi kwa herufi, mwandishi asije akasikia jingine. Kyungu ni K-Y-U-N-G-U. Kisha jioni mwelezeni mtoto mkubwa maana yake, naye atamweleza mdogo.