Mtunzi au Mpigaji? Istilahi ya Muziki wa Filamu

Kutunga, kwa asili, ni kupitisha uzi katika shanga. Baadaye neno likachukua mashairi, kisha muziki.

Mwaka 1950 Hugh Tracey alinasa muziki wa Wahehe wa Iringa, ukiwamo wa ligombo, yaani ubao uliochongwa mfano wa kihori na kuwambwa nyuzi. Apigaye ligombo huimba mwenyewe, na mara nyingi tungo ni yake. Ni mtunzi, ni mpigaji.

Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 iliwatenga wawili hao: mtunzi ana hakimiliki, mpigaji ana hakishiriki. Kampuni ya Filamu Tanzania, iliyoundwa mwaka 1968, ilikuwa ya umma. Leo filamu nyingi ni za watu binafsi, na mkataba huandikwa popote, Iringa au Mbeya. Mfasiri akiandika "mpiga ala" tu, huenda mzee akalipwa ujira wa siku na tungo yake ikapotea.

Twapendekeza "mtunzi na mpigaji", yote mawili. Ala nayo iitwe ligombo, si zeze kama waandikavyo baadhi yetu. Zeze ni ala nyingine.