Vuli, Masika na Tunguu: Historia ya Majina ya Majira katika Tafsiri za Kilimo

Miongoni mwa dhana zinazowasumbua wafasiri wa vitabu vya kilimo ni majira ya mwaka. Katika makala haya tunakusudia kuichunguza dhana hiyo kwa mfano mmoja: maelekezo ya kupanda matunguu ya maua katika nchi za baridi, kama yatakavyosomwa na mwalimu au bwana shamba wa Korogwe na Handeni.

Tuanze na tunguu lenyewe. Hili ni shina fupi lililozungukwa na majani manene yenye akiba ya chakula, nalo hukaa chini ya ardhi. Kitunguu cha kuliwa ni aina moja tu ya matunguu. Mfasiri aandikapo "kitunguu cha maua" humwelekeza msomaji jikoni, ilhali matunguu ya narsisi, kwa mfano, yana sumu. Wala dhana ya tunguu la maua si ngeni kwetu. Nyinyoro, mwenye kichwa cha maua mekundu, hulala ardhini wakati wa ukame na kuchanua mvua zinapoanza.

Tulipu nayo hulala, ila kwa sababu nyingine. Asili yake ni milima ya Asia ya Kati. Waturuki wa dola ya Osmania waliikuza bustanini, na katika karne ya 16 ikafika Ulaya ya magharibi. Mwaka 1593 mtaalamu wa mimea Carolus Clusius alikabidhiwa bustani ya Chuo Kikuu cha Leiden, Uholanzi, akaipanda huko. Ilistawi kwa kuwa ilikuta baridi iliyoizoea. Tunguu lake hupandwa baina ya Septemba na Novemba, ncha ikielekea juu, katika kina cha mara mbili au tatu ya urefu wake. Huhitaji baridi isiyozidi nyuzi 10 hivi za Selsiasi kwa muda wa wiki 12 au zaidi, ndipo lichanue baina ya Machi na Mei.

Hapa ndipo ulipo mtego. Katika Handeni na Korogwe, mvua za vuli hunyesha baina ya Oktoba na Desemba, na masika baina ya Machi na Mei. Kwa kuwa miezi yakaribiana, mfasiri huandika: "Panda wakati wa vuli, maua yatachanua wakati wa masika." Sentensi hiyo husomeka vizuri, lakini maana yake imepinduka. Vuli ya Handeni huamsha mbegu; majira yale ya Ulaya hupukutisha majani na kuilaza mimea.

Majina yetu ya majira yalikuzwa na maisha ya pwani, pamoja na pepo za kaskazi na kusi na mvua ziandamanazo nazo. Usanifishaji wa Kiswahili ulioongozwa na Kamati ya Lugha iliyoundwa mwaka 1930, na kazi ya istilahi iliyofuata baada ya Baraza la Kiswahili la Taifa kuanzishwa mwaka 1967, uliyakuta maneno hayo yakiwa na maana zake kamili. Hata hivyo, kipupwe, ambacho kwetu ni baridi ya Juni hadi Agosti, kimetumika kwa baridi ya Ulaya ya Desemba hadi Februari. Katika kipupwe tumefuata hali ya hewa, na katika vuli tumefuata kalenda. Jedwali moja la majira haliwezi kutii kanuni mbili.

Kwamba hali ya hewa ndiyo hakimu, mkonge watufundisha. Mwaka 1893, miaka 300 baada ya Clusius kufika Leiden, mtaalamu wa kilimo Richard Hindorf aliletewa vichipukizi vya mkonge kutoka Florida. Vilivyosalimika vilikuwa 62 tu, vikapandwa Kikogwe karibu na Pangani. Asili ya mkonge huo ni Yucatan, Meksiko, penye joto na kiangazi kirefu. Kwa hiyo ulistawi, ukaenea hadi Korogwe, ambako reli kutoka Tanga ilifika mwaka 1902. Kama matunguu ya tulipu yangaliletwa kwa meli ile ile, mara nyingi yangaliota majani pasipo ua.

Kwa hiyo basi, tunapendekeza vuli na masika yabaki kuwa majina ya mvua zetu. Kwa nchi za baridi tuseme majira ya kupukutika, majira ya baridi, majira ya kuchipua na majira ya joto, na katika maelekezo ya kazi tutaje miezi na nchi. Mwalimu atakayeyasoma maelekezo hayo atajua kwamba hayahusu shamba lake, hatapoteza mbegu wala imani yake katika vitabu vya Kiswahili.