Safari ya Stanley: njia ndefu, mshale mfupi

Stanley aliacha Bagamoyo tarehe 17/11/1874, akafika Boma tarehe 9/8/1877: karibu siku 1,000. Alizunguka ziwa Victoria na ziwa Tanganyika, halafu toka Nyangwe akafuata Lualaba, mto ule unaelekea kaskazini mbele ya kugeuka magharibi. Jumla karibu kilometa 11,000. Tukigawa kwa siku, mwendokasi wa wastani ni kilometa 11.

Lakini toka Bagamoyo mpaka Boma, mstari ulionyooka ni karibu kilometa 2,900. Njo kusema kasimwelekeo wa wastani ni karibu kilometa 3 kwa siku, kuelekea magharibi. Hesabu hiyo inaangalia mwanzo na mwisho tu. Mizunguko yote inafutika. Na wapagazi wengi walifia mule katika mizunguko. Kwa hiyo mimi nikiona mshale mmoja kwenye ramani ya historia, nauliza kwanza: njia yenyewe ilipita wapi?