Mtu Asiye na Jana

Mara nyingi twasema kwamba mtu ameliweka jambo moyoni. Aristotle, mwenye hekima wa Uyunani, aliamini hivyo hasa: kwake yeye moyo ndio uliokuwa makao ya fahamu, na ubongo ulikuwa wa kuipoza damu tu. Baadaye tabibu Galen alimpinga, na walimwengu wakamfuata Galen. Lakini ubongo ni nchi pana, na kwa karne nyingi hapana aliyeweza kusema kumbukumbu hukaa katika mtaa gani wa nchi hiyo. Karl Lashley wa Marekani aliwafunza panya kupita katika vichochoro, kisha akakata huku na huku katika bongo zao. Mwaka wa 1950 aliandika kwamba hakupaona mahali pamoja ambapo pakiondolewa, kumbukumbu nayo huondoka. Basi wengi wakadhani kwamba imeenea ubongoni kote kama chumvi ndani ya maji.

Aliyeitikisa dhana hiyo hakuwa mtaalamu bali mgonjwa. Henry Molaison alizaliwa mwaka wa 1926 katika jimbo la Connecticut, Marekani. Tangu utotoni alishikwa na kifafa, nacho kikazidi hata alipokuwa mtu mzima hakuweza kushika kazi, wala dawa hazikumfaa. Mwaka wa 1953, akiwa na umri wa miaka 27, daktari mpasuaji William Scoville wa Hartford alimtoboa mfupa wa paji juu ya macho, akatoa sehemu za ndani za ubongo, kuume na kushoto. Miongoni mwa vilivyotolewa ilikuwa sehemu kubwa ya hipokampasi, kipande kilichopindana ambacho kilipewa jina la farasi wa baharini kwa sababu ya umbo lake.

Kifafa kilipungua. Akili yake haikudhoofika, na mambo ya utoto wake aliyajua. Lakini kila jambo jipya lilimpotea mara alipoliachia. Jamaa zake walihamia nyumba nyingine katika barabara ile ile. Miezi kumi baadaye alikuwa bado hajajua anwani yake. Mama yake alilazimika kumwonyesha ilipo mashine ya kukatia majani, ijapokuwa pengine aliitumia jana yake. Alisoma magazeti yale yale tena na tena, nayo kwake yalikuwa mapya. Mtaalamu Brenda Milner alipotoka Montreal kumpima mwaka wa 1955, Henry alimwambia kwamba mwaka ni 1953 na umri wake ni miaka 27.

Siku moja alipewa nambari 584 aishike. Aliishika kwa robo saa, na alipoulizwa alieleza alivyofanya: tano, nane na nne ni kumi na saba, ukumbuke nane, uitoe, wabakia tisa, ukiigawa tisa wapata tano na nne. Hesabu nzuri kabisa! Dakika moja baadaye, alipokwisha kushughulishwa na jambo jingine, hakuikumbuka nambari, wala hakukumbuka kwamba aliwahi kupewa nambari yoyote.

Kwa maoni yangu daktari yule haepuki lawama, maana kuondoa pande zote mbili sehemu ambayo kazi yake haijulikani ni kuichezea bahati ya mwenzio. Hata hivyo ni haki kusema kwamba hakuficha. Mwaka wa 1957 aliandika habari hizi pamoja na Milner, akawaonya wapasuaji wengine.

Jambo la ajabu zaidi lilitangazwa mwaka wa 1962. Milner alimtaka Henry achore nyota kwa kupitisha kalamu kati ya mistari miwili, huku akiutazama mkono wake katika kioo tu. Jaribuni wenyewe, nanyi mtaona jinsi mkono unavyokataa kutii. Henry alikosea sana mwanzoni. Lakini kwa muda wa siku tatu makosa yalipungua, hata siku ya mwisho akachora vizuri, ingawa kila siku alisema hajaifanya kazi hiyo kamwe. Mkono ulijifunza, mwenyewe hana habari. Hivyo ikajulikana kwamba kumbukumbu si ya namna moja: kuna ile ya ustadi wa mikono, na kuna ile ya matukio, ambayo haiwezi kuingia ghalani bila ya kupita katika hipokampasi. Mambo ya zamani, maadamu yalikwisha kuwekwa kwingine, hayakuharibika.

Mwaka wa 1973 Tim Bliss na Terje Lømo walionyesha, katika bongo za sungura, kwamba njia za hipokampasi zikisisimuliwa kwa umeme mfululizo, mawasiliano ya chembe zake hupata nguvu kwa saa nyingi.

Henry alipimwa kwa zaidi ya miaka hamsini, kwa upole wake, ijapokuwa hakuweza kukumbuka ruhusa aliyokuwa akiitoa. Vitabuni aliitwa H.M. tu, jina lake lilitangazwa alipofariki mwaka wa 2008. Mwaka uliofuata ubongo wake ulikatwa huko San Diego vipande vyembamba 2,401, kwa kazi ya saa 53, na ikaonekana kwamba sehemu ya nyuma ya hipokampasi ilikuwa ingalipo.