Uendeshaji wa ndege ardhini

Uendeshaji wa ndege ardhini ni kusogeza ndege kwa nguvu ya injini yake kati ya maegesho na njia ya kurukia. Ni miongoni mwa stadi za kwanza wanazofundishwa marubani wa jeshi.

Mafunzo

Mwanafunzi huanza kwa kuizunguka ndege na kuikagua, kisha huhakikisha hakuna mtu karibu na propela. Ndege ikianza kusogea, hujaribu breki mara moja. Wanaoanza hukosea kwa kutaka kuiongoza kwa mikono kama gari, kumbe ndege nyingi za mafunzo huongozwa ardhini kwa miguu, kupitia pedali. Mwendo huwa wa polepole. Ukizidi, nguvu ya injini hupunguzwa kwanza, ndipo breki zikanyagwe, ili zisipate moto kupita kiasi.

Ndege yenye gurudumu mkiani ni ngumu zaidi. Pua yake huziba mbele, hivyo rubani hupinda kushoto na kulia apate kuona. Kwa kuwa kitovu cha uzito kiko nyuma ya magurudumu makuu, mkia ukipotoka huelekea kuzidi kupotoka, na ndege inaweza kuzunguka ghafla hadi bawa liguse ardhi.

Ndege za jeti zina hatari nyingine: injini huweza kumeza mawe, na moshi wake wa moto huweza kumwangusha mtu aliye nyuma.

Tanzania

Jeshi la Wananchi wa Tanzania liliundwa mwaka 1964. Ujerumani Magharibi ilianza kusaidia kikosi chake cha anga, ikaondoka 1965. Kanada ikashika nafasi hiyo hadi 1970. Kati ya ndege zilizotoka Kanada ilikuwemo Otter, yenye gurudumu mkiani. Baadaye China ilisaidia kujenga kituo cha Ngerengere, mkoani Morogoro, na kuleta ndege za jeti.

Kimo cha uwanja nacho huzingatiwa. Uwanja wa Songwe, uliofunguliwa 2012 mkoani Mbeya na kutumiwa pia na wasafiri wa Tunduma na mkoa wa Songwe, uko zaidi ya mita 1,000 juu ya usawa wa bahari. Hewa ikiwa nyepesi, ndege hugusa ardhi ikiwa na kasi kubwa kuliko kipimo kinavyoonyesha, hivyo huhitaji nafasi ndefu ya kusimama.

Ajali

Tarehe 27 Machi 1977, huko Tenerife, ndege mbili za abiria aina ya Boeing 747 ziligongana katika ukungu kwenye njia ya kurukia. Moja ilikuwa inaanza kuruka bila ruhusa, nyingine bado ikipita njiani humo. Watu 583 walikufa. Ndiyo maana mwanafunzi hufundishwa kutoingia njia ya kurukia bila ruhusa ya mnara, na kusimama akauliza anapokuwa na shaka.